Kabla ya Siti, Kando ya Kasri: Lelemama, Vugo na Asili ya Wimbo wa Kike wa Taarabu

Historia ya taarabu, kama inavyosimuliwa katika vitabu vingi na kurudiwa katika kumbi za mihadhara, huanzia kasrini. Inasemwa kuwa Sultani Barghash bin Said, aliyetawala Unguja kutoka 1870 hadi 1888, alivutiwa na muziki wa Misri, akamtuma Mohamed Ibrahim huko Kairo akajifunze kupiga qanuni, naye aliporejea akawafunza wenzake. Baadaye, mwaka 1905, vijana wa mjini wakaasisi chama cha Ikhwani Safaa. Kisha, mnamo 1928, anatokea Siti binti Saad, anavuka bahari kwenda Bombay kurekodi sahani za santuri, na muziki uliokuwa ukiimbwa kwa Kiarabu unasikika kwa Kiswahili. Masimulizi haya yana ukweli ndani yake. Kasoro yake imo katika mpangilio: mwanamke anaingia mwishoni, baada ya wanaume kukamilisha kazi ya kuubuni utanzu wenyewe, na mchango wake unakuwa ni sauti tu. Ameupokea muziki wa watu wengine na kuutia maneno ya mitaani.

Makala haya yanadhamiria kuutazama upya mpangilio huo. Yanadai kuwa nasaba ya wimbo wa kike wa taarabu ina matawi mawili, na kwamba tawi lililo karibu zaidi na ushairi wenyewe, yaani maneno, mafumbo, na mazoea ya kujibizana, halikutoka kasrini. Lilitoka katika ngoma za wanawake: lelemama, vugo, na ngoma za unyago. Kusahauliwa kwa tawi hilo kumeathiri si historia ya muziki pekee bali hata uhakiki wa fasihi ya Kiswahili, ambao kwa miaka mingi umejua kumhesabu Mwana Kupona binti Msham na utendi wake wa 1858, kisha ukaruka moja kwa moja hadi kwa Siti, kana kwamba baina ya waungwana wa Pate na mwimbaji wa Ng'ambo wanawake wa pwani walikuwa wamenyamaza.

Lelemama ilikuwa ngoma ya wanawake iliyochezwa katika miji ya pwani na visiwani mwishoni mwa karne ya kumi na tisa na katika nusu ya kwanza ya karne ya ishirini. Wachezaji walisimama safu, wamevaa sare, na miondoko yao ilikuwa ya taratibu, ya mikono na kiwiliwili zaidi kuliko ya miguu. Mmoja aliongoza wimbo, wengine wakapokea. Mtazamaji mgeni angeweza kuiona kuwa ngoma baridi. Lakini joto lake halikuwamo katika miguu. Lilikuwamo katika maneno, na katika swali lililokuwa kwenye kila kinywa, kwamba wimbo huu umetungiwa nani. Vugo, kwa upande wake, ilikuwa ngoma ya harusi. Wanawake walishika pembe za nyati, wakazigonga kwa vijiti huku wakiimba, na katika Lamu msafara wao ulipita vichochoroni. Jambo la kuzingatiwa hapa ni kuwa katika vugo ala ilikuwa mikononi mwa wanawake wenyewe. Vivyo hivyo katika unyago, ambako makungwi walipiga ngoma zao na kuimba nyimbo zao pasipo kuhitaji fundi wa kiume.

Ngoma hizi haziwezi kueleweka pasipo kuzingatia tarehe tatu. Hadhi ya kisheria ya utumwa ilifutwa Unguja mwaka 1897; katika pwani ya Kenya ilifutwa mwaka 1907; na masuria wa Unguja, ambao amri ya 1897 iliwaacha nje, walifikiwa na sheria mwaka 1909. Kwa hiyo katika kipindi cha miaka kumi na miwili hivi, maelfu ya wanawake walijikuta huru kwa mujibu wa karatasi, ilhali hawakuwa na ukoo unaotambuliwa mjini, wala shamba, wala jina. Laura Fair, katika utafiti wake kuhusu Unguja ya baada ya utumwa uliochapishwa mwaka 2001, ameonyesha jinsi mavazi yalivyobeba mabadiliko hayo: kaniki, kitambaa cheusi kilichohusishwa na utumwa na kazi za shamba, kiliachwa, na kanga ikashikwa kwa shauku. Ngoma ilifanya kazi kama hiyo. Chama cha ngoma kilimpa mwanamke cheo, wenzake wa kumzika na kumwoza, na zaidi ya yote kilimpa hadhira.

Kwa Mombasa ushahidi ni mwingi zaidi, hasa kutokana na kazi ya Margaret Strobel ya 1979 na masimulizi ya maisha aliyoyakusanya pamoja na Sarah Mirza, yaliyotoka kwa Kiingereza mwaka 1989 na kwa Kiswahili mwaka 1991 kwa jina la *Wanawake Watatu wa Kiswahili*. Vyama vya lelemama vya mji huo viligawanyika pande mbili zilizoshindana. Majina ya Kingi na Scotchi yanafahamika, na baadaye Ibinaal Watan na Banu Saada. Wanaume nao walikuwa na ngoma yao ya beni, iliyoiga gwaride na vyeo vya majeshi ya kikoloni, ambayo Terence Ranger aliiandikia kitabu kizima mwaka 1975. Ni jambo la kustaajabisha kidogo kwamba beni, iliyokuwa ya wanaume, ilipata kitabu chake mapema na kuingia katika mjadala wa siasa za Afrika ya Mashariki, ilhali lelemama, iliyokuwa na mpangilio wa vyama usiopungua ule wa beni, imebaki kuwa sura katika vitabu vya historia ya wanawake. Wahakiki wa fasihi ndio walioigusa kwa uchache zaidi.

Hapa ndipo Siti anapopaswa kusomwa upya. Alizaliwa Fumba, kusini mwa Unguja, yapata mwaka 1880, katika ukoo wa watumwa, akaitwa Mtumwa. Mama yake alikuwa mfinyanzi, naye Siti akajifunza ufinyanzi na kuuza vyungu kwa kuvinadi kwa sauti. Mwaka 1911 alihamia mjini, akafunzwa uimbaji na Ali Muhsin, na hatimaye akawa katikati ya kundi la wanamuziki waliojumuisha Subeit Ambar, Budda bin Mwendo, Mbaruk Effandi na Mwalim Shaaban. Wanaume hawa walikuwa mafundi wa ala. Lakini hadhira iliyomjaza Siti moyo, iliyojua kumcheka na kumlilia, ilikuwa imekwisha kufunzwa kusikiliza na ngoma za wanawake. Hoja hapa si kwamba Siti alikuwa mwanachama wa lelemama. Hoja ni kuwa aliimba mbele ya watu waliojua kuwa kila wimbo una anayelengwa, na kuwa wimbo usiojibiwa umeshinda.

Mfano ulio wazi zaidi ni ule wa malumbano yanayokumbukwa hadi leo, kuhusu wapinzani waliomtungia wimbo wa kumkumbusha asili yake. Wimbo huo ulimwuliza, kwa dhihaka, amekuwa mtu tangu lini, ukamtaja kwa kaniki aliyoingia nayo mjini, na ukadai kuwa pasipo sauti yake angekosa hata chakula. Jibu linalohusishwa na Siti halikukanusha lolote kati ya hayo. Lilikubali kuwa uzuri wa sura na utukufu wa jadi vipo na vina wenyewe, kisha likavishusha thamani kwa kuweka akili juu yake. Mwanafunzi wa arudhi atatambua mara moja kuwa shambulio na jibu yote mawili yana umbo moja. Ni wimbo wa mishororo mitatu, kila mshororo umegawanyika ukwapi na utao, kila kipande kina mizani sita au karibu na sita, na kina cha mwisho kinashikiliwa kutoka mshororo wa kwanza hadi wa tatu. Anayejibu amelazimika kuingia katika nyumba aliyojengewa na adui yake na kuipanga upya samani.

Hii ndiyo kanuni ya ngoma ya ushindani. Haikutoka Kairo. Ni kweli kuwa kujibizana kwa mashairi kunapatikana pia kwa wanaume, na jina la Muyaka bin Haji wa Mombasa linatosha kuthibitisha hilo. Lakini malumbano ya Muyaka yalihusu dola na miji, na yalihifadhiwa na wanazuoni walioyanakili kwa hati za Kiarabu. Malumbano ya wanawake yalihusu mume, mtumwa, nguo, deni na jina, na hayakunakiliwa na mtu. Mhakiki anayesema kuwa jibu la Siti ni "shairi la hekima" bila kuitaja kaniki iliyolizaa amelisoma nusu tu, na nusu aliyoiacha ndiyo chungu.

Fauka ya hayo, maudhui ya nyimbo nyingi za kundi la Siti yanaelekea upande huo huo. Wimbo wa *Kijiti* unahusu mauaji ya mwanamke aliyekuja Unguja akiwa mgeni kutoka Dar es Salaam. Mtuhumiwa alivuka bahari akatoroka, na wanawake waliokuwa pamoja na marehemu ndio walioonja ukali wa mahakama. Wimbo unataja jina. Unamshtaki mtu hadharani baada ya serikali kushindwa kumkamata, na pamoja naye unaishtaki mahakama. Katika mazingira ya klabu ya wanaume, ambamo taarabu ilikuwa burudani ya watu waliokaa wima na kutikisa kichwa kwa staha, wimbo wa namna hiyo usingekuwa na pa kukaa. Katika ngoma ya wanawake ulikuwa na kiti chake tayari: kumwimba mkosaji hadi ashindwe kupita mtaani ilikuwa adhabu inayoeleweka na kila mtu.

Ni muhimu pia kuzingatia ni nini kilitokea wimbo ulipoingia katika santuri. Upande mmoja wa sahani ya wakati huo ulichukua takriban dakika tatu. Wimbo ambao usiku wa harusi ungeendelea mpaka wapinzani wachoke ulilazimika kukatwa. Sahani ilihifadhi sauti ya Siti na ikaisambaza bara na pwani, hata watu wasiowahi kuiona bahari wakamjua. Hilo ni tunu isiyo na kifani. Hata hivyo sahani haina nafasi ya kujibiwa. Msikilizaji anabaki na upande mmoja wa mazungumzo, na baada ya muda anaamini kuwa wimbo ulitungwa hivyo, peke yake, kama shairi la gazetini. Uchapishaji ulikoleza jambo hilo. Shaaban Robert, katika *Wasifu wa Siti binti Saad* wa 1958, alimwinua Siti kuwa kielelezo cha maadili, juhudi na subira. Ni kitabu cha heshima kuu, nacho kilifanya jambo ambalo hakuna mwingine aliyethubutu, yaani kumwandikia mwanamke wa asili ya utumwa wasifu kwa nathari ya Kiswahili sanifu. Lakini heshima ile ina gharama yake. Siti wa Shaaban Robert ni mtu mmoja aliyejitenga kwa vipawa. Shoga zake, wapinzani wake, na waliokuwa wakiitikia hawaonekani sana. *Waimbaji wa Juzi*, mkusanyiko uliotolewa Dar es Salaam mwaka 1966, unaweka jina lake pamoja na majina ya wanaume watatu, Mwalim Shaaban, Mbaruk Effandi na Budda bin Mwendo, na kwa hilo unalifanya kundi la Siti lionekane kama kamati ya washairi wanne.

Yapo mapingamizi mawili yanayostahili kujibiwa. La kwanza ni kuwa lelemama yenyewe haikuwa uwanja wa usawa. Ni kweli. Ushindani uligharimu fedha nyingi, katika nguo, vyakula na mapambo, na mwenye nacho alimzidi asiye nacho hata ndani ya chama kimoja. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, aliyeanzisha *Sahifa* mwaka 1930 na *Al-Islah* mwaka 1932, aliishutumu vikali israfu ya Waislamu wa Mombasa, na si haki kuichukulia shutuma yake kuwa chuki tu dhidi ya wanawake. Kulikuwa na nyumba zilizofilisika. La pili ni kuwa vyama hivi vilikufa. Hilo nalo ni kweli kwa sehemu. Strobel anaonyesha kuwa Mombasa, kufikia miaka ya 1950 na 1960, nguvu za lelemama zilikuwa zimehamia katika vyama vya maendeleo ya wanawake wa Kiislamu, vilivyojishughulisha na elimu na ustawi. Ila kufa kwa chama si kufa kwa ujuzi uliomo ndani yake. Dar es Salaam, TANU ilipotaka sehemu ya wanawake mwaka 1955, mtu aliyeiongoza, Bibi Titi Mohammed, alikuwa kiongozi wa waimbaji katika kikundi cha ngoma kilichoitwa Bomba. Susan Geiger ameeleza jinsi vikundi vya ngoma vilivyokuwa njia ya kuwafikia wanawake kwa wingi na kwa haraka. Wanawake wale walikuwa wamezoea kukutana, kuchanga, kuvaa sare na kuitikia kiongozi. Chama cha siasa kilikuta kazi imekwisha kufanywa.

Aidha, taswira inapanuka mtu akitazama visiwa vingine vya Bahari ya Hindi. Huko Mayotte wanawake huimba debaa, na katika Kisiwa cha Msumbiji na pwani yake wanawake hucheza tufo. Ngoma zote mbili zina mizizi katika dhikri na maulidi, mambo ambayo awali yalikuwa chini ya uongozi wa wanaume. Kwa hiyo wanawake wa visiwani hawakuwa wapokezi wa kudumu wanaosubiri kupewa. Walichukua umbo, wakalivisha sare, wakaligawa katika vyama vinavyoshindana, na baada ya kizazi kimoja au viwili likawa lao. Yaliyotokea Unguja kwa taarabu yanafanana mno na hayo kuwa sadfa. Vilabu vya taarabu ya wanawake vilivyostawi Unguja katikati ya karne ya ishirini, kama vile Royal Navy na Sahib el-Arri, vilirithi uhasama wa lelemama pamoja na desturi yake ya kuimbana. Ndiyo maana kutunza, yaani mwanamke kunyanyuka na noti mkononi pale ubeti unapomhusu, hakueleweki kama malipo kwa msanii peke yake. Mtunzaji anaukodi ubeti. Anausema yeye.

Huenda msomaji wa bara akaona haya kuwa mambo ya mbali. Mwanafunzi aliyezaliwa Subukia, katika bonde lililo chini ya ukingo wa Laikipia, hukutana na taarabu kwanza katika kitabu cha fasihi simulizi, ikiwa imefafanuliwa kwa mistari mitatu na kuwekwa baada ya nyimbo za hodiya. Lakini mwanafunzi huyo, ikiwa ametoka katika jamii ya Wakikuyu, hakosi kuwasikia wanawake wa makamo ya nyanya yake wakiimba gĩtiro katika sherehe ya ngurario. Gĩtiro pia ni wimbo wa wanawake waliokomaa. Kiongozi hutoa, wenzake hupokea. Upande wa bibi harusi na upande wa bwana harusi hujibizana kwa methali na mafumbo ambayo vijana waliosimama kando hawayapati. Nayo ina historia ya uhamaji. Wakikuyu walihamia mashamba ya walowezi katika Bonde la Ufa tangu mwanzoni mwa karne ya ishirini wakiwa maskwota, na wengine wakaja baada ya uhuru kwa kununua ardhi; mwanamke aliyevuka pamoja nao hakuwa na hati ya shamba lolote, ila nyimbo alizozijua hakuna mlowezi aliyeweza kumnyang'anya. Tofauti na lelemama ni kubwa: gĩtiro haina vyama, haina sare za ushindani wa mjini, na haina kumbukumbu ya utumwa. Hata hivyo mwanafunzi aliyewahi kumsikia nyanya yake akimchoma mkwe kwa fumbo hahitaji kufundishwa mpasho ni nini. Anahitaji kuambiwa tu kuwa anachokijua ni fasihi, na mitaala yetu imekuwa mizito mno kumwambia hivyo.

Linabaki suala la Bi Kidude, Fatuma binti Baraka, aliyefariki Unguja tarehe 17 Aprili 2013. Ulimwengu ulimpa tuzo ya WOMEX mwaka 2005 na kumwita malkia wa taarabu. Alijifunza nyimbo za Siti kwa kumsikiliza, na katika uzee wake aliziimba mbele ya hadhira za Ulaya zisizojua neno moja la Kiswahili. Lakini nyumbani alikuwa pia fundi wa unyago, na ngoma ndefu ya msondo aliipiga mwenyewe, ameisimamia. Katika mwili wa mtu mmoja matawi mawili ya nasaba yalikuwa pamoja: wimbo uliopita santurini na ngoma ambayo haikuwahi kuombwa ruhusa kasrini. Wanahabari waliomhoji walipenda kumwuliza umri wake. Wahakiki wangefanya vyema kuuliza jambo jingine, lililo gumu zaidi. Nyimbo za unyago ni siri ya wanaofunzwa. Zimehifadhiwa kwa sababu hazikuandikwa, na kuzichapa ili zipate hadhi ya ushairi ni kuvunja sharti lililozitunza. Mtafiti wa kiume hana mlango wa kuingilia humo hata kidogo, na mtafiti wa kike aliyefunzwa huapa kunyamaza kabla hajajua kalamu yake itataka nini. Uhakiki wa Kiswahili, uliozoea kuanza na matini iliyo mezani, bado haujaamua namna ya kuipa nafasi fasihi ambayo wenyewe wanayo, wanaijua kwa ghibu, na hawataki kuitoa.